Sinema za Kwanza za Krismasi

Nyumba ya Kimasai huko Kajiado, ambayo kwa desturi hujengwa na akina mama kwa fito na samadi ya ng'ombe, haina dohani. Moshi hutokea katika tundu dogo tu. Basi mtoto wa huko, au mwenzake wa Kitengela akaaye katika nyumba ya mawe, akionyeshwa picha ya mzee mwenye ndevu anayeingia nyumba ya watu usiku kwa kupitia juu ya paa, ana haki ya kuuliza kama huyo si mwizi.

Mzee huyo ni Baba Krismasi. Mojawapo ya sinema za kale kabisa zinazomwonyesha ilipigwa Uingereza mwaka 1898 na George Albert Smith. Huchukua muda upatao dakika moja, wala haina sauti. Watoto wawili wanalazwa na yaya, taa inazimwa, ndipo katika giza linapotokea duara, na ndani yake mzee aonekana juu ya paa akiingia dohanini. Mara atokea mekoni, atia zawadi katika soksi, atoweka. Hapana uchawi hapa. Smith aliupitisha ukanda ule ule mara mbili katika mashine ya kupigia picha; palipokuwa peusi mara ya kwanza hapakuwa na alama yoyote, na hapo ndipo picha ya pili ilipokaa.

Mwaka 1901, huko huko Uingereza, Robert Paul alitoa sinema ya Scrooge, yule bahili wa kitabu cha Charles Dickens cha mwaka 1843. Huyu hahitaji kufafanuliwa sana, kwa maana mabahili wapo hata pasipo theluji. Sehemu ya sinema hiyo imepotea. Kanda za siku hizo zilitengenezwa kwa nitrati, ambayo hushika moto upesi na kuoza ikikaa.

Picha isiyosema humtaka msemaji. Huko Vugiri, katika Usambara, tangu 1935 hata 1937, Notcutt na Latham walitengeneza sinema za mafunzo ambazo maneno yake yalitiwa katika santuri, ili picha moja ielezwe kwa lugha mbalimbali. Baadaye magari ya sinema ya serikali yalizunguka Kenya, na mkalimani akasema kwa kipaza sauti. Kazi yake haikuwa ndogo, maana watazamaji waliiona picha kwa macho yao na kuifahamu kwa maneno yake.

Mkalimani wa namna hiyo, akiletewa ukanda wa Smith, angepaswa kueleza dohani, soksi na theluji, na kuongeza kwamba hayo ni mila za nchi za baridi, hayamo katika Injili. Luka ataja hori, na wachungaji waliokesha wakilinda kundi lao. Hilo la kukesha na mifugo, watu wa Kajiado wangemweleza yeye.