Faili Moja Likikosekana, Mashine Haiwaki

Nintendo 3DS, mashine ya gemu ya mkononi iliyoingia sokoni Japani mwaka 2011, haikuundwa ili iendeshe programu za watu binafsi. Mafundi wa kujitolea waliifungulia njia, na leo programu hizo hukaa kwenye memori kadi. Matatizo mengi huanzia hapo: mashine inawashwa, taa ya buluu inamulika kidogo, kisha inazimika.

Wengi hudhani imekufa. Mara nyingi bado nzima kabisa! Kinachokosekana ni faili moja, boot.firm, ambalo mashine hulitafuta nje ya folda zote za kadi. Mtu akifungua kifurushi cha Luma3DS, programu ya mafundi hao yenye faili hilo, na kunakili folda nzima badala ya vilivyomo, faili lipo lakini mashine hailioni. Dawa ni kulitoa humo.

Kadi nayo ichunguzwe. Zinazozidi GB 32 huuzwa zikiwa na mfumo wa exFAT, ambao 3DS haiusomi. Ziumbizwe upya kwa FAT32, baada ya kuhifadhi kila kitu kwenye kompyuta, maana uumbizaji hufuta vyote.

Waangalifu huweka nakala ya boot.firm kwenye hifadhi ya ndani ya mashine pia, hivyo huwaka hata kadi ikiondolewa.