Chai ya saa nne: mayai na viazi vya kuandaa jioni na kuoka asubuhi



Swali ninaloulizwa sana na wafugaji wa kuku wa mayai si la magonjwa, ni la soko. "Afisa, dalali kashusha bei ya trei, nifanyeje?" Wenye viazi nao wana lao: vile vikubwa vinaondoka, vidogo vinakataliwa au vinatupiwa juu ya lumbesa kama nyongeza ya bure. Leo sitaongelea dawa wala mbolea. Naongelea chakula kimoja kinachoweza kula mayai yako madogo na viazi vyako vidogo, halafu kikauzwa saa nne asubuhi.

Saa nne unaijua. Fundi ujenzi katoka kwake alfajiri na chai ya rangi, kibarua wa palizi hajala kitu, bodaboda kapiga trip tano. Ikifika saa nne wote wanatafuta kitu cha kushika tumbo mpaka mchana. Wanakuta maandazi, chapati na mihogo ya kukaanga. Wakitaka zege, yaani chipsi mayai, inabidi wasubiri, maana inakaangwa moja moja na mafuta yanaliwa kweli kweli.

Wamarekani wana chakula cha saa kama hizo, wanakiita kaseroli. Vitu vinapangwa kwenye chombo kimoja kipana, vinamiminiwa mayai na maziwa, vinalala kwenye friji, asubuhi vinaokwa na kukatwa vipande. Wenyewe wanakipenda wikiendi, wakati chai imechelewa na mchana haujafika. Hispania wana ndugu yake wa mayai na viazi, ila yule anapikwa kwenye kikaangio. Kwetu sisi ukikiita "zege la kuoka" mteja anaelewa hapo hapo. Faida yake kibiashara ni kwamba sinia moja linatoa vipande 12 kwa mpigo, na kazi kubwa inaisha jana yake jioni.

Vipimo vyake

Kwa sinia lenye urefu wa sentimita 33, upana 23 na kina 5, chukua mayai 12, viazi mviringo kilo moja na nusu, maziwa nusu lita, vitunguu viwili, hoho moja kubwa, karoti mbili, chumvi vijiko viwili vya chai, pilipili manga na mafuta kidogo. Tumia sinia la alumini. La kioo likitoka kwenye friji na kuingia kwenye moto linaweza kupasuka.

Viazi vimenywe, vikatwe vipande vya ukubwa wa kidole gumba, vichemshwe kwenye maji ya chumvi mpaka kisu kipite kwa shida kidogo. Usiruke hatua hii. Yai linashika haraka kuliko kiazi kuiva. Ukiweka kiazi kibichi utapata yai lililokauka juu na kiazi kinachogonga meno chini. Kiazi chenye rangi ya kijani usikiingize kabisa, hata ukiona hasara. Ukijani unaonyesha kilipigwa na mwanga, na kiazi cha namna hiyo huwa na sumu ambayo kuchemsha hakuiondoi.

Mboga zikaangwe kwanza mpaka maji yakauke. Hapa ndipo wengi wanaharibu. Hoho, uyoga, mchicha na nyanya vina maji mengi, na ukivitia vibichi chakula kinalia maji chini ya sinia, kipande hakishikiki mkononi. Nyanya mimi naiacha kabisa, naiweka pembeni kama kachumbari. Mchicha uchemshe kidogo, uupoze, ukamue kwa nguvu.

Maziwa ya shambani yachemshwe na kupozwa kabla ya kuchanganywa na mayai, kwa sababu ya brusela, ule ugonjwa wa ng'ombe kutupa mimba, ambao binadamu pia anaupata. Piga mayai na maziwa pamoja. Viazi na mboga vikishapoa, vipange kwenye sinia lililopakwa mafuta, mimina mchanganyiko, funika, ingiza kwenye friji. Kama una mkate wa jana uliokauka bila ukungu, unaweza kuutumia badala ya viazi. Unanyonya yale mayai usiku kucha na unaoka vizuri tu. Mwenye kuku waliomaliza kutaga anaweza kuchemsha mmoja mpaka alainike, amchambue, aongeze nyama ndani. Ila bei ya kipande nayo ipande.

Asubuhi litoe sinia nusu saa kabla. Kwenye oveni ya nyuzi 180 linachukua karibu saa nzima, la kutoka kwenye friji linaweza kuzidi kidogo. Lifunike nusu ya kwanza ya muda, kisha lifunue lipate rangi. Wa mkaa tunafanya kama mkate wa kumimina: moto mdogo chini, mwingi tunaupalia juu ya mfuniko. Chomeka kisu katikati kabisa, siyo pembeni. Kikitoka na ute, bado. Mwenye kipimajoto cha chakula asubiri kisome nyuzi 74 pale katikati. Liache dakika 15 kabla ya kukata, vinginevyo vipande vitasambaratika.

Huna friji? Usiku usivunje yai hata moja. Ubaridi wa Njombe au Mbeya si friji, hata kama asubuhi unavaa koti. Jioni menya viazi uviache vibichi ndani ya maji safi, osha mboga, pima chumvi, andaa mkaa. Kuchemsha, kukaanga na kuchanganya ni alfajiri. Utaamka saa moja mapema zaidi, basi.

Mayai gani yaingie

Mayai madogo, yenye umbo baya au ganda lenye rangi isiyopendeza, hayo ndiyo yenyewe. Yai lenye ufa lakini utando wa ndani haujachanika, livunje siku hiyo hiyo ndani ya chombo safi chenye mfuniko, liweke kwenye friji na ulitumie ndani ya siku mbili. Linalovuja tupa. Usioshe mayai halafu ukayarudisha kwenye trei kukaa. Ukiosha unaondoa utando unaoziba vitundu vya ganda, na vijidudu vinapita. Osha lile unalovunja sasa hivi.

Kuna jambo jingine, na hapa naomba tusikilizane. Umewapa kuku antibiotiki, lebo inasema mayai yasiuzwe kwa siku kadhaa. Kijana anawaza: siyauzi kwa dalali, nayapika. Hapana! Huwezi kutegemea moto uondoe mabaki ya dawa. Anayekula kipande chako cha saa nne ni mtu yule yule ambaye katazo lile linamlinda. Mayai ya siku hizo hayaingii kwenye sinia, na hayaingii sufuriani kwako pia.

Hesabu

Wafugaji wengi wakianza kupika wanaandika mayai kwa bei ya sifuri, "kwa sababu ni ya kwangu." Si ya bure. Yameliwa pumba, dagaa na dawa. Kama dalali angeyachukua, andika bei ya dalali.

Tuchukulie trei ni shilingi 9,000, yaani yai 300. Mayai 12 ni 3,600. Viazi 1,500, maziwa 1,000, mboga 900, mafuta na viungo 500, mkaa 1,000, karatasi za kufungia 300. Jumla 8,800. Weka bei za kwenu, mimi natoa mfano. Ukiuza kipande 1,200, vipande 12 vinaleta 14,400, na mkononi inabaki 5,600. Inavutia.

Sasa uza vipande 8 tu. Umepata 9,600, imebaki 800. Uza 7, umeingia hasara ya 400. Na hapo hujamlipa mtu. Ukimlipa msaidizi 3,000 kwa asubuhi, gharama inafika 11,800, na unahitaji kuuza vipande 10 ndipo ubakiwe na mia mbili. Sinia la pili likiwa na wateja ndilo linalobadilisha mambo, kwa sababu msaidizi ni yule yule: masinia mawili yanagharimu 20,600, vipande 24 vinaleta 28,800, inabaki 8,200.

Kwa hiyo usioke kwa kubahatisha. Chakula hiki kinaandaliwa jioni, na jioni hiyo hiyo ndiyo ya kuchukua oda. Mpigie msimamizi wa saiti ya ujenzi, mwalimu wa zamu, mwenye duka la pembejeo, muulize kesho vipande vingapi. Oda zikifika 10, vunja mayai. Zikiwa 4, mayai yabaki kwenye trei, yanaweza kusubiri. Ukishayavunja hayasubiri tena. Na kama kibarua ni wa kwako mwenyewe na chai unampa kila siku, una oda tayari; anza na hao.

Kuhusu kuuza: kabla hujaanza pita kwa afisa afya wa kata, akuelekeze kuhusu vipimo vya anayeshika chakula na kibali. Chakula kitoke jikoni kikiwa moto na kiingie kwenye hotipoti iliyosuuzwa kwa maji ya moto, kikae juu ya nyuzi 60. Kilichopoa kikafika uvuguvugu kina saa mbili tu, halafu hakiuzwi. Ukioka kikatoka saa tatu na nusu, ukauza saa nne mpaka saa tano, huna wasiwasi. Ukianza kuzunguka nacho hadi saa nane mchana, unatafuta kesi.

Vilivyobaki wale wa nyumbani siku hiyo, au viwekwe kwenye friji mapema na vipashwe mara moja mpaka vifuke mvuke. Usivichanganye na sinia la kesho. Na kwenye daftari viandike kama vilivyobaki, usiandike "tulikula", maana mwisho wa wiki ndivyo vitakavyokuambia upunguze siku ipi. Kwa wengi wa wilayani huku siku hiyo huwa Jumatatu, saiti bado hazijalipwa. Wengine ni siku ya gulio, watu wote wako mnadani. Fuata sinia huko huko.