Josephine Baker: Jukwaa Lampokea, Nyumba Yamkataa

Makala haya yanazihakiki filamu tatu za mwimbaji mmoja mhamiaji. Nimeyaandika kwa sababu katika mijadala yetu tumezoea kusema, "Msanii huyu alifanikiwa ng'ambo," basi, tukaishia hapo. Hebu tuulize: alifanikiwa akiwa nani?

Josephine Baker alizaliwa mwaka 1906 mjini St. Louis, Marekani, katika familia ya Weusi maskini. Mwaka 1925, akiwa na umri wa miaka 19, alivuka bahari kwenda Paris na kundi la La Revue nègre. Mwaka uliofuata alikwishakuwa gumzo la jiji kwa ile ngoma ya sketi ya ndizi katika ukumbi wa Folies Bergère. Mwaka 1930 akaimba "J'ai deux amours", wimbo wa mtu mwenye mapenzi mawili: nchi yake na Paris. Wafaransa waliupenda kwelikweli. Ndani ya wimbo, basi, mhamiaji aliruhusiwa kuwa na kwao kuwili.

Sasa tuje kwenye sinema. Katika La Sirène des tropiques (1927), ambayo ni filamu bubu, yeye ni Papitou, binti wa koloni la Antili anayemfuata Mfaransa hadi Paris, kisha anamwachia mwanamke wa Kifaransa. Katika Zouzou (1934), iliyoongozwa na Marc Allégret, yeye ni mfanyakazi wa kufua nguo anayegeuka nyota wa jukwaani. Anampenda Jean, anayeigizwa na Jean Gabin. Jean naye anampenda Claire, rafiki yake Zouzou. Tunamwacha Zouzou akiimba ndani ya tundu kubwa la ndege, watu wakishangilia.

Princesse Tam Tam (1935) ndiyo inayonikera zaidi. Alwina, mchungaji wa Tunisia, anachukuliwa na mwandishi wa Kifaransa, anafundishwa adabu za kizungu, kisha anapelekwa Paris eti ni binti mfalme. Mwishoni tunaambiwa kwamba mambo yote ya Paris yalikuwa ndani ya riwaya ya huyo mwandishi. Alwina hakutoka Tunisia hata siku moja! Punda anaitafuna karatasi ya kitabu hicho yenye neno "Civilisation", yaani ustaarabu.

Wapo watakaosema hizi ni filamu za burudani tu. Sikubaliani nao. Ukitazama msuko, zote tatu zina muundo mmoja: mgeni anaitwa acheze na aimbe, lakini ikifika saa ya kupendwa na kuoana, mlango unafungwa. Tena Mmarekani huyu anafanywa mtu wa Antili leo, Mtunisia kesho, kana kwamba kwa watengenezaji weusi ni nchi moja. Hata hivyo, tusimfanye mtoto mdogo. Meneja wake, Pepito Abatino, alihusika kutunga kisa cha Princesse Tam Tam. Kwa hiyo Baker na watu wake waliijua biashara hiyo, nao wakaikubali.

Maisha yake yalikwenda kinyume na mhusika huyo. Mwaka 1937 aliolewa na Jean Lion, akawa raia wa Ufaransa. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alibeba habari za siri zilizoandikwa kwa wino usioonekana juu ya karatasi zake za muziki. Tarehe 28 Agosti 1963 alihutubia maandamano ya Washington akiwa amevaa sare ya jeshi la Ufaransa. Alifariki mwaka 1975, na tarehe 30 Novemba 2021 akawa mwanamke Mweusi wa kwanza kuenziwa katika Panthéon, wanakowekwa mashujaa wa taifa hilo.

Kwa maoni yangu, tunapohakiki kazi inayomhusu mhamiaji tusitosheke kuhesabu makofi aliyopigiwa. Tutazame hadithi inamwacha wapi pazia linapofungwa, na nani aliyeandika mwisho huo. Hoja iko mezani. Asiyekubaliana nami na ashike kalamu.