Nyufa za Miamba na Maji Yetu

Mwaka juzi baba yangu na jirani zake walichanga fedha, wakachimba kisima. Walichagua mahali pa karibu, chini ya kilima cha mawe, ili mama zetu na dada zetu wasiende mbali kuteka maji. Wakachimba siku nyingi. Walipofika kama mita 12, sululu iligonga jabali kavu, gumu kama chuma. Fedha ile ikapotea bure. Mzee mmoja akawaambia, "Wanangu, niliwaambia mchimbe kule kwenye mikuyu, mkanicheka." Mwaka uliofuata walichimba kule kwenye mikuyu, mwendo wa robo saa tu, wakapata maji kabla ya kufika mita nane. Nilitamani sana kujua sababu, nikamwuliza mwalimu wetu wa jiografia. Hayo niliyojifunza ndiyo nitakayowaeleza wasomaji wa gazeti letu.

Kwanza yafaa tujue kwamba Shinyanga na Geita zimekaa juu ya miamba mikuukuu sana. Umri wake wapita miaka milioni 2,500. Miamba hiyo ni ya namna mbili kubwa. Ya kwanza ni graniti, yaani yale majabali yaliyopandana kama yamepangwa kwa mkono, tunayoyaona tukisafiri kutoka Shinyanga kwenda Mwanza. Ya pili ni mawe ya kijani, ambayo mengi yake yalitokana na volkano za zamani. Hayo yamelala kama mikanda katikati ya graniti, na mkanda mmoja mashuhuri ni ule wa Geita.

Graniti nzima haina nafasi ya kuweka maji. Mvua ikinyesha juu yake, maji huteleza na kwenda zake. Lakini nguvu za ndani ya ardhi zikiisukuma, graniti hupasuka. Tena pande mbili za ufa zikisogea, mawe yaliyo katikati husagika. Maji ya mvua huingia humo, mawe yakaoza pole pole na kuwa laini. Baada ya miaka mingi sana, jabali zima hubaki limesimama kuwa kilima, na lile lililopasuka huliwa likawa bonde. Ndiyo sababu mara nyingi vijito vyetu hufuata nyufa. Mikuyu nayo hupenda mahali penye maji karibu. Mzee wetu hakusoma elimu ya miamba, lakini aliisoma miti.

Mvua husomba udongo kutoka vilimani. Mchanga mzito hubaki juu, na wakulima wa Kisukuma huuita luseni. Udongo laini huenda chini kabisa, ukawa mbuga nyeusi, ambayo wakati wa masika hunata miguuni na wakati wa kiangazi hupasuka pasuka.

Sasa nitasema habari za dhahabu, maana nayo ni jamaa ya maji. Zamani sana, maji ya moto yalipanda kutoka chini kabisa ya ardhi kwa kupitia nyufa za mawe ya kijani. Yalikuwa yamebeba dhahabu, nayo ikabaki humo, mara nyingi pamoja na jiwe jeupe liitwalo kwazi. Wachimbaji wadogo huita mstari huo "mwamba," na huufuata kwa maduara yao. Wajerumani waliiona dhahabu ya Geita mwaka 1898. Mgodi mkubwa wa sasa wa Geita ulianza kazi mwaka 2000, na ule wa Bulyanhulu, upande wa Kahama, ulifunguliwa mwaka 2001. Huko Bulyanhulu dhahabu imelala ndani ya ufa mrefu ulioinama kwenda chini sana.

Nyufa nyingine ni changa zaidi, nazo ni kubwa mno. Ni zile za Bonde la Ufa. Ziwa Eyasi limo katika bonde lililozama kando ya ufa wa namna hiyo. Mvua inayonyesha kusini ya mkoa wa Shinyanga huingia mto Manonga, ikapita mbuga za Wembere na Ziwa Kitangiri, ikaishia Eyasi kwenye maji ya chumvi. Haifiki baharini kamwe. Lakini mvua ya Geita mjini huenda Ziwa Victoria, na kwa mto Nile yaweza kufika Misri. Ziwa Victoria lenyewe lilipatikana kwa sababu nchi ya magharibi iliinuka kando ya Bonde la Ufa, ikaizuia mito iliyokuwa ikielekea huko.

Tangu mwaka 2009 maji ya ziwa hilo huvutwa kwa bomba kutoka Ihelele, wilaya ya Misungwi, mpaka Kahama na Shinyanga. Hiyo ni faida kubwa. Hata hivyo, vijiji vingi vingali vikitegemea visima, na si kila kisima ni chema. Katika sehemu nyingine za mkoa wetu maji ya chini yana madini ya floridi kupita kiasi, ambayo huharibu meno na mifupa ya watoto.

Liko jambo moja zaidi. Ufa haujui kuchagua. Wachimbaji wengi wadogo hutumia zebaki kushika dhahabu, kisha huosha na kumwaga maji yake ardhini au kijitoni. Ufa ule ule utuleteao maji safi waweza kutuletea na sumu.

Kwa hiyo, wenzangu, kabla ya kuchimba kisima tuulize yamelala mawe gani chini yetu. Tuwasikilize wataalamu wenye vyombo vya kupimia, wala tusiwacheke wazee. Na tukishapata maji, tupeleke yapimwe kwanza, ndipo tunywe.