Manowari ya chuma ambayo wanamaji hawakuitaka

Machi 1840 meli ya chuma iitwayo Nemesis iling'oa nanga Portsmouth, Uingereza, ikiwa na hati za kwenda Odessa, bandari ya Urusi katika Bahari Nyeusi. Watu walishangaa, na wenye kutafakari hawakuamini. Chombo kinachokwenda Odessa kwa biashara kina haja gani na mizinga miwili ya ratili 32, mmoja omo na mwingine tezi? Meli ile ilikuwa mali ya Kampuni ya India Mashariki. Iliagizwa na kamati ya siri ya kampuni hiyo, na ilikuwa inakwenda China, ambako Waingereza walikuwa wameingia vitani kwa ajili ya biashara yao ya afyuni.

Mpango wa meli za mvuke ndani ya Kampuni ulisukumwa na ofisa mmoja, Thomas Love Peacock, ambaye wasomaji wa fasihi ya Kiingereza wanamjua zaidi kwa riwaya zake za kejeli. Kazi ya kuunda alipewa John Laird wa Birkenhead, ng'ambo ya mto kutoka Liverpool. Jeshi la wanamaji halikuhusika. Maadmirali wa wakati huo waliamini mbao na tanga, na chuma kwao kilikuwa kitu cha kutengenezea nanga.

Laird alitoa chombo cha urefu wa futi 184, chenye injini mbili za mvuke za nguvu ya farasi 60 kila moja, zilizozungusha magurudumu ya makasia ubavuni. Ajabu yake ilikuwa chini. Tumbo lilikuwa bapa, na hata meli ikiwa imepakia ilihitaji maji ya futi 6 tu kuelea. Kwa kuwa tumbo bapa huyumba ovyo baharini, aliweka mikuku miwili ya kushushwa kwenye kina na kupandishwa penye maji mafupi. Ndani aliigawa meli kwa kuta za chuma zisizopitisha maji, kila chumba peke yake. Kuta hizo zilijilipa mapema: kabla ya safari kuu meli iligonga mwamba pwani ya Cornwall, maji yakajaa chumba kimoja yakaishia hapo.

Nahodha, William Hutcheon Hall, aliizungusha Rasi ya Tumaini Jema, na hakuna meli ya chuma iliyokuwa imewahi kufanya hivyo. Kisha ikaja Julai, na bahari ya kusini mwa Afrika ikafanya kazi yake. Meli ndefu yenye injini nzito katikati, ikikaa juu ya wimbi, ncha zake mbili huning'inia. Mabati ya ubavuni yakapasuka, upande huu na upande ule, karibu na magurudumu, na kila wimbi likaurefusha ufa. Ilikuwa karibu ikatike vipande viwili. Hall akajikokota hadi Ghuba ya Delagoa, iliko Maputo ya leo, na mafundi wake wakaifunga meli kwa mbao nene na bolti. Vitabu vingi hupita hapa kwa sentensi moja vikikimbilia mizinga ya China. Mimi naona hapa ndipo safari yote ilipokuwa mikononi mwa maseremala na wahunzi.

Baada ya matengenezo ilipitia Kisiwa cha Msumbiji, kisha Nzwani katika Komoro, kituo ambacho meli za Kiingereza zilikuwa zikichukua maji na chakula kwa miaka mingi. Novemba ilifika Macau.

Ngome za Wachina kwenye mdomo wa mto wa Canton zilijengwa kupambana na meli kubwa, ambazo hupita penye kina na hungoja upepo. Nemesis haikuhitaji kimojawapo. Tarehe 7 Januari 1841, huko Chuenpi, roketi iliyorushwa kutoka kwake ilipiga jahazi kubwa la kivita, na jahazi hilo likalipuka lote na watu wake. Machi hiyo Hall aliipenyeza katika vijito vya nyuma, ikikwaruza matope, akibomoa maboma ambayo hayakutarajia kuona manowari. Mwezi Mei ilikokota mashua zipatazo 70 zilizojaa askari kuelekea Canton. Agosti 1842 China ilitia saini mkataba wa Nanjing na kuiachia Uingereza Hong Kong.

Ungedhani maadmirali wangeshawishika. Waliagiza kwa Laird manowari ya chuma yao wenyewe, iliyoitwa Birkenhead, kisha majaribio ya kupiga mabati kwa mizinga yakawatia hofu, kwa kuwa chuma cha wakati ule kilivunjika vipande vikali. Wakaigeuza kuwa meli ya kubeba askari. Ili askari wapate nafasi ya kupita na kulala, kuta za ndani zilitobolewa. Februari 1852 iligonga mwamba karibu na Danger Point, Afrika Kusini, na maji yakapita kwenye matundu hayo kutoka chumba hadi chumba. Kati ya watu wapatao 640 waliokuwamo, waliookoka hawakufika 200.