Deni la Mshahara Huzeeka Upesi

Kwetu deni la mahari laweza kungoja miaka mingi, hata mjukuu akalidai kwa niaba ya babu yake. Deni la mshahara sivyo. Sheria ya Kazi ya Kongo, ya tarehe 16 Oktoba 2002, yasema kwamba madai ya mshahara usiolipwa hufa ukipita mwaka 1 tangu siku ambayo ulipaswa kulipwa. Madai mengine mengi ya kazi yamepewa miaka 3. Basi mwalimu wa chuo aliyenyamaza miezi 20, halafu akaenda kushtaki, huenda akaambiwa kwamba miezi 8 ya kwanza imekwisha kupotea.

Wala hanyamazi kwa uvivu. Mkuu wa chuo humwambia, "Subiri, mwalimu, ada za wanafunzi hazijaingia." Naye husubiri, kwa kuwa ni mtu wa heshima. Mwezi wa tatu jina lake limejaa katika daftari la mwenye duka. Mwezi wa tano mwanawe arudishwa nyumbani kwa kukosa ada, ilhali baba mtu yuko darasani akifundisha watoto wa wenzake. Hapa Salamabila dhahabu ya Namoya i karibu. Kijana mwenye diploma huona heri ashike sululu kuliko chaki. Mimi simlaumu.

Je, mwalimu huyo afanye nini? Kwanza atambue ni nani aliyemwajiri. Kama ni mtumishi wa kudumu wa Serikali, Sheria ya Kazi haimhusu. Hana budi kulalamika kwa maandishi kwa wakubwa wake, na wasipomsikiliza aende kwa mahakimu wanaohukumu mambo ya utawala. Lakini kama chuo ni cha watu binafsi, njia yake ni nyingine. Hawezi kwenda moja kwa moja kwa hakimu. Sharti apeleke madai yake kwanza kwa mkaguzi wa kazi, naye atawaita wote wawili ili awapatanishe. Wakipatana, huandikiwa hati ya mapatano. Wasipopatana, huandikwa hati ya kuonyesha hivyo, na kwa hati hiyo mlango wa mahakama ya kazi hufunguka.

"Lakini mimi sina mkataba!" Ndivyo wasemavyo wengi, na waajiri wengine hulitegemea neno hilo. Wanakosea. Sheria yataka mkataba uandikwe. Usipoandikwa, mfanyakazi aruhusiwa kuthibitisha kazi yake kwa njia yoyote iliyo halali. Ratiba ya masomo yenye jina lake, orodha za alama zenye sahihi yake, barua ya kuitwa mkutanoni, wanafunzi aliowafundisha: hayo yote ni ushahidi. Mwalimu ayatunze nyumbani, si katika kabati la chuo. Na akipewa nusu ya mshahara, aandike kando ya sahihi yake kwamba amepokea sehemu tu, ataje na kiasi kilichobaki.

Nguvu ya karatasi twaiona kwa jirani zetu wa Kenya. Tarehe 17 Septemba 2025 walimu wa vyuo vikuu vya serikali waligoma wakidai shilingi bilioni 7.9 za mapatano ya miaka 2017 hadi 2021. Serikali ilibishana nao juu ya hesabu, na wanafunzi wakakaa majuma saba bila masomo, jambo la kusikitisha. Hata hivyo mapatano yale yalikuwa yameandikwa na kusajiliwa mahakamani, wala hakuna aliyeweza kusema hayakuwako. Tarehe 5 Novemba mgomo ukaisha. Ikakubaliwa kwamba deni lilipwe kwa mafungu 2, la kwanza mwezi huo wa Novemba na la pili Julai 2026.

Kwetu shida moja hubaki, nayo ni njia. Kutoka Salamabila hadi Kasongo ni safari, na hadi Kindu ni safari kubwa zaidi, hasa wakati wa mvua. Mwalimu mmoja asiye na mshahara ataipata wapi nauli? Afadhali wanaodai chuo kimoja wachange, kila mmoja aandike barua yake yenye miezi na kiasi, wamtume mwenzao mmoja mwaminifu. Huyo asirudi bila nakala zilizopigwa mhuri wa ofisi, zenye tarehe ya kupokelewa.