Mahame Yenye Askofu

Mtu wa Kinango hana haja ya kufundishwa maana ya mahame. Kaya Mtswakara na Kaya Gandini, ngome za kale za Waduruma, hazilali watu tena. Walakini wazee wanazitunza, na makaburi yaliyomo huheshimiwa. Basi msomaji asistaajabu akiambiwa kwamba Kanisa Katoliki nalo lina desturi inayofanana na hiyo.

Huko Tunisia, katika nchi ya Waberberi, palikuwa na mji ulioitwa Thibica. Zamani za utawala wa Warumi Ukristo ulistawi sana upande ule wa Afrika, hata katika mkutano wa Carthage wa mwaka 411 walihudhuria maaskofu zaidi ya 500. Baadaye zilikuja vita. Carthage yenyewe ilitekwa na Waarabu mwaka 698, na miji mingi midogo ikafifia hata yakabaki magofu. Thibica ni mmojawapo.

Lakini jina lake halikuzikwa. Kwa desturi ya Kanisa, kila askofu huwekwa kwa jina la mahali. Asiye na jimbo kamili la kwake, kama vile askofu msaidizi, hupewa jina la jimbo lililotoweka. Ndivyo ilivyokuwa mwaka 1939, Joseph Kiwanuka, Mganda, alipowekwa wakfu mjini Roma na Papa Pius wa 12. Kazi yake ilikuwa Masaka. Cheo chake, Askofu wa Thibica. Yeye ndiye Mwafrika wa kwanza wa Afrika ya Mashariki kupata uaskofu wa Kikatoliki. Mwaka 1952 Laurean Rugambwa, Mhaya, naye akawekwa kwa jina la Febiana, mji mwingine wa kale wa huko huko. Mwaka 1953 majimbo kamili yakaundwa, na Kiwanuka akawa Askofu wa Masaka.

Hivyo mahame ya Waberberi yalipata askofu Mwafrika kutoka Buganda, kwa kuwa jina lilitunzwa.

Thibica ulibakiwa na jina tu. Sisi tumebakiwa na msitu, njia na makaburi. Mwaka 2008 UNESCO iliandikisha kaya hizi katika Urithi wa Dunia. Lakini hati haimzuii mwenye shoka. Humzuia mzee ajuaye mwiko wa kaya, na kijana aliyekubali kufundishwa naye. Mzee huyo akifa bila mrithi, ndipo kaya itakapohamwa kweli.